Bega Ukutani

Kwanza kateni kucha. Mnakuja kwangu hapa Kitale na kucha za kubandika, simu mkononi, mnaniita bibi yenu, "Kukhu, tufundishe maua ya ukuta," na mimi kabla sijaitikia salamu ninatazama vidole. Kucha ndefu inachimba. Inaacha mstari mwembamba wenye makali, na mvua ya kwanza ikipiga, maji yanaingia hapo na udongo unabanduka. Mstari mzuri unatoka kwenye nyama ya kidole, na kidole chenyewe kiwe kimelowa. Nimewaambia hivyo mkacheka. Chekeni, lakini kateni.

La pili ni mavi ya ng'ombe. Msikunje pua. Ng'ombe aliyekula nyasi mbichi za Aprili mavi yake ni maji, ukikandika nayo leo kesho unayakuta chini. Nyinyi tafuteni ya ng'ombe aliyekula mabua makavu ya mahindi, na hapa kwetu mabua si kitu cha kutafuta mbali, kwa hivyo hamna kisingizio. Changanya na udongo wa kichuguu na majivu ya jikoni, kanyaga kwa miguu mpaka uache kunata kisiginoni. Ule mweusi wa kupaka chini ya ukuta, sisi tulikuwa tunavunja betri za redio zilizokufa tunasaga mkaa wa ndani. Siku hizi redio ni za kuchaji, na pia nimeambiwa ule unga haufai kwa kifua. Kwangu habari hiyo imechelewa kidogo. Nyinyi kwangueni masizi ya sufuria.

Lakini kitu kitakachowatia wazimu ni udongo mweupe. Unauzimua kwa maji uwe mzito kama uji wa kunywa, unaupaka juu ya ukuta uliokandikwa jana, na huoni weupe wowote. Ukuta mzima ni kijivu. Unapitisha vidole, vinakwangua ule weupe vinaacha udongo wa chini, na bado huoni kitu, kwa sababu vyote vikiwa vibichi vinafanana rangi. Maua yanatokea ukuta ukikauka, na ukishakauka huwezi tena kurekebisha. Unachora kitu usichokiona. Unakumbuka tu mkono wako umepita wapi.

Nyumba ya kwanza niliyofanya peke yangu ilikuwa ya mwalimu mmoja upande wa Moi's Bridge, Krismasi imekaribia. Nilipaka, nikachora, nikatazama, sikuona kitu. Nikasema labda udongo ni mwepesi, nikaongeza. Nikatazama tena, hakuna, nikaongeza. Saa nane jua likakaza, weupe ukaanza kujitokeza kwa mabonge, mistari yote imezikwa. Mwalimu akatoka na kikombe chake cha chai, akausogelea ukuta.

"Nekesa," akaniuliza kwa upole kabisa, "haya ni maua ama kuna mtu amemwaga uji?"

Niliukandika upya ukuta mzima. Krismasi yenyewe niliila nikiwa na udongo kwenye nywele, na yule mwalimu, kila tukikutana sokoni, alikuwa ananiuliza kama nimeshiba uji.

Aliyenifundisha kazi hii ni Senge Nasimiyu. Senge kwetu Bungoma ni shangazi, dada ya baba. Alikuwa ameolewa karibu na Myanga, na ukuta wake ulikuwa unafanya watu washuke kwenye baiskeli watazame. Nilipomaliza darasa la saba baba akanipeleka kwake. Senge hakuwa mtu wa maneno mengi. Alikuwa na neno moja, "Futa." Unachora tangu asubuhi, anatoka shambani na jembe begani, anatazama, anasema, "Futa," anaingia ndani. Unachukua kitambaa chenye maji, unafuta kuanzia juu, unaanza upya. Kuna siku nilifuta ukuta wa jikoni mpaka nikamfuata.

"Senge, si uniambie tu kosa liko wapi?"

"Nikikwambia utaniskiza mimi," akasema. "Mimi nataka uskize mkono."

Nilimnunia siku tatu na hakushughulika. Katika miaka yote ile sikumsikia akimwambia mtu yeyote kwamba amefanya vizuri. Ukifanya vizuri alikuwa anapita tu bila kusema kitu, na ukiona amepita kimya unaweza kwenda kunawa mikono.

Alichonionyesha kwa vitendo ni hiki. Unaegemeza kiwiko ukutani, unakikaza pale pale, halafu unazungusha mkono wa mbele kutoka upande huu kwenda ule. Vidole vitatu vinaacha pinde tatu zilizofuatana, na kila ukifanya zinatoka sawa, kwa sababu mfupa wako hauongezeki urefu. Unasogeza kiwiko, unafanya tena. Ukuta unajaa pinde ndogo ndogo zilizopandana kuanzia mlangoni mpaka kwenye kona. Nyumba za Senge zilijulikana kwa pinde hizo, na nilipoolewa huku Kitale zangu pia zikajulikana hivyo. Kazi yote ilikuwa kiwikoni.

Sasa mtaelewa.

Nilikuwa natoka Bungoma na gunia la udongo mweupe, ule wa mtoni, kwa sababu wa huku una mchanga. Kutoka stendi nikapanda boda. Kulikuwa kumenyesha, barabara ya kuja huku kwetu mnaijua. Pikipiki ikateleza, na mimi badala ya kujishika nikashika gunia. Gunia lilifika salama. Mimi nikafika na kiwiko cha mkono wa kulia kimevunjika.

Hospitali walinifunga plasta, daktari akaniambia wiki sita. Hapo ndipo kosa lilipo, na ni langu mwenyewe, sitamsingizia mtu. Ilikuwa Novemba. Wanawake wa kila boma wanataka nyumba zao zikandikwe kabla wageni wa Krismasi hawajafika, na nilikuwa nimeshaahidi wanne. Wiki ya tatu nikaloweka plasta kwenye ndoo ya udongo, nikaikata kwa kisu cha jikoni. Nilichora nusu ukuta. Jioni mkono ulikuwa umevimba sitaki kuusimulia. Baada ya hapo nikauogopa, nikaufunga kwa leso kando ya mwili umenyooka, miezi na miezi, na nilipoufungua haukukunja tena. Ndivyo ulivyo mpaka leo, mnauona. Siwezi kufikisha kijiko mdomoni nao, siwezi kufunga kitambaa kichwani. Kidole kinafanya kazi, bega linafanya kazi, lakini katikati pamekauka.

Niliumia, na nawaambia waziwazi niliumia moyoni kuliko mkononi. Wakija watu kuniita nilikuwa namwambia Wekesa, mume wangu, awaambie sipo, na mimi niko jikoni nawasikia.

"Si upumzike tu, mama," Wekesa akaniambia siku moja. "Mahindi yapo. Hatutakosa kula."

Alikuwa anasema kwa mapenzi, Mwenyezi Mungu anajua, lakini nilimjibu vibaya. Nilimwambia mahindi ni yake, ukuta ulikuwa wangu.

Nikajaribu mkono wa kushoto. Nilikuwa na ukuta wa ndani jikoni, mahali wageni hawafiki, nikaukandika nikaanza. Kiwiko cha kushoto kinakunja vizuri, lakini mkono wenyewe haujui kitu. Ulipokauka ilikuwa ni kama kuku wamepita pale wakitafuta mchwa. Nikafuta. Nikafanya tena, nikafuta. Nilifanya hivyo wiki nzima, Wekesa anaingia anakoroga moto anatoka, haulizi.

Siku moja nikachoka. Udongo ulikuwa bado mbichi na nilijua tu ni ubovu ule ule. Sikutafuta kitambaa. Niliegemea ukuta kwa bega la kulia, nikaunyanyua ule mkono mkavu, nikaupitisha ukutani wote kwa hasira, kutoka karibu na goti mpaka juu ya kichwa, nia yangu ikiwa ni kufuta. Halafu nikaenda kulala mchana, kitu ambacho sifanyi.

Niliporudi kuwasha moto, ukuta ulikuwa umekauka. Mikwaruzo ya mkono wa kushoto ilikuwepo chini chini, imefifia. Juu yake kulikuwa na upinde mmoja mkubwa, kutoka chini mpaka juu, mistari mitatu imefuatana bila kuyumba. Mkono wangu ulikuwa umekuwa kama lango, na bega ndiyo bawaba. Lango haliwezi kuzunguka vibaya. Nilikaa kwenye kigoda nikautazama mpaka Wekesa akaja kuuliza kama leo hatuli.

Niliendelea kufanya mazoezi pale pale jikoni, sikumwambia mtu. Kuna vitu vya kujifunza upya. Huwezi kusimama ukitazama ukuta, unasimama upande. Ndoo haikai chini, inakaa juu ya kigoda, kwa sababu mkono wa kushoto ndio unaochota na kupaka weupe, na wa kulia unachora tu. Upinde wa chini unapiga magoti, upinde wa juu unapanda kreti ya soda. Na usishike pumzi. Ukishika pumzi bega linapanda na mstari unapanda nalo.

Mwezi wa saba Beatrice akanipigia simu. Beatrice ni mke wa mtoto mkubwa wa Senge, na ndiye aliyekuwa anaangalia lile boma, maana Senge alikuwa amezeeka, macho yameanza ukungu. Ulikuwa mwaka wa tohara. Kijana wa Beatrice alikuwa anaingia Agosti, na mnajua nyumba ya mwenye kutahiriwa inatazamwa na watu wa ukoo wote, wengine wanatoka mpaka Webuye.

"Senge amekataa rangi ya duka," Beatrice akasema. "Ati anakungoja wewe. Lakini tumeskia hiyo mkono haikunji. Nisikudanganye dada, nimeshaongea na fundi wa rangi hapa Bungoma. Kama hautaweza, anakuja Alhamisi."

"Nitakuja," nikamwambia. Sikusema nitaweza.

Msimwone Beatrice vibaya. Wageni walikuwa wake, aibu ingekuwa yake. Lakini mimi nilijua ukuta ule ukipakwa rangi ya duka hautarudi udongo tena, kwa sababu udongo haushiki juu ya rangi. Hapo maua ya Senge yangekuwa yameisha, naye angekaa nje ya nyumba yake akitazama ukuta usiomjua. Na mimi pia ningekuwa nimeisha. Nani angeniita, kama hata Senge wangu nimeshindwa naye?

Nilifika Jumatatu. Senge alinishika mkono, akaukunja kidogo, ukagoma, akauachilia. Hakusema pole. Jumanne wanawake wa boma wakakandika. Jumatano ilikuwa yangu.

Nilianza umande ukiwa bado juu ya nyasi. Nilifunga mfuko wa nailoni begani nguo isichafuke, nikaegemea, nikapaka, nikazungusha. Ukuta ule wa mbele nilipokuwa msichana ulikuwa unakula siku mbili na pinde ambazo sikuwahi kuzihesabu. Siku hiyo ulikula pinde tisa. Beatrice alipoleta chai, aliniona nanawa.

"Umepumzika?"

"Nimemaliza."

Akatazama ukuta, kijivu mtupu. Akatazama ndoo. "Ni hizo tu?"

"Ngoja jua," nikamwambia.

Senge akaomba kiti kiwekwe uani. Zamani alikuwa anaweka shavu karibu na ukuta mbichi, anatazama kwa upande, mwanga unamwonyesha mifereji ya vidole hata kabla haijakauka. Kwa macho yale hangeweza tena, ilimbidi angoje kama sisi. Tukakaa. Kama saa saba hivi, ukuta ukaanza kukauka kutoka juu, pale chini ya mabati. Weupe ukatokea kwanza kwenye kona, halafu kichwa cha upinde wa kwanza, wa pili, zote ukubwa wa mlango, zinashuka polepole kadiri ukavu ulivyoshuka ukutani. Hata mimi sikuwa nimeziona mpaka hapo. Hazikuwa zimeyumba. Nikaanza kupumua.

Halafu ukavu ukafika katikati ya ukuta, na nikaona kosa.

Kila nilipoegemea, bega lilikuwa limekula weupe. Kwenye kila upinde, hapo katikati unapozungukia, kulikuwa na doa la udongo mtupu, la ukubwa wa kisahani cha chai. Madoa tisa. Jikoni kwangu sikuwahi kuyaona, kule moshi unafanya kila kitu kiwe cheusi, na pia sikuwahi kufanya pinde nyingi pamoja. Huwezi kuziba doa kama hilo. Ukipaka mbichi juu ya kavu linatoka kama kiraka cha suruali. Dawa ni moja, kufuta ukuta mzima na kukandika upya, na fundi wa rangi alikuwa wa kesho.

Beatrice alikuwa ameona pia. Alitoa simu kwenye mfuko wa aproni, akaishika bila kupiga, nafikiri kwa kunihurumia. Mimi nikaenda kwenye ndoo nikachukua kitambaa. Sikungoja Senge aseme, nilijua neno lake. Nilitaka angalau nianze kufuta mwenyewe.

"Nini hii?" Senge akauliza. Alikuwa ameinuka, amefika ukutani, kidole kiko kwenye doa.

"Ni bega, Senge. Mkono haukunji. Naegemea."

Akalipapasa doa. Akageuka upande, akaweka bega lake pale kwenye doa, na lilikuwa chini ya langu kidogo kwa sababu alikuwa ameshafupika. Akanyanyua mkono wake wa kulia, akaufuatisha na mstari, polepole, kutoka chini, bila kuugusa. Akafika usawa wa uso, akaendelea, akafika juu kadiri mkono wake ulivyoweza. Akaushusha. Akaenda kwenye doa la pili, akafanya vile vile. Wanawake waliokuwa wanamenya ndizi waliacha kumenya. Kitambaa kilikuwa kinanidondokea miguuni na sikuwa na habari.

Akarudi kwenye kiti, akakaa, akapanga leso yake magotini.

"Wacha," akasema.

Sikuelewa. Nilikuwa sijawahi kulisikia neno hilo kutoka kwake. "Niache hayo ya bega, ama?"

"Wacha ukuta."

Beatrice akatembea mpaka kwenye ua wa miti, nikamsikia anasema, "Fundi, usikuje Alhamisi. Hapana, hakuna shida. Imefanywa."

Wageni walikuja, kijana akatahiriwa, hakutikisika. Watu waliuliza kuhusu yale madoa, na Beatrice alikuwa anawaambia ndiyo mtindo, ati ndivyo inafanywa Kitale. Baada ya hapo niliitwa kwingi. Kuna mwenye hoteli hapa mjini alitaka pinde kwenye ukuta wa saruji, na saruji na udongo haviskizani, mpaka nikajaribu kutia gundi ya seremala kwenye weupe, ikashika. Kila mahali walikuwa wanasema, "Na yale madoa ya bega usisahau." Nimefanya hivyo mpaka bega nalo likachoka, ndiyo maana mnanikuta nimekaa.

Lakini nataka mjue habari ya ule ukuta wa Myanga. Maua ya udongo hayakai. Kila Desemba unakandika juu yake, unachora mengine, ndivyo tumefanya tangu mama zetu. Desemba ile Beatrice akanipigia, anaomba nishauriane na Senge, maana wanawake wameleta udongo wa kukandikia na Senge ameweka kiti chake mbele ya ukuta, hatoki. Nikamwambia aachane naye. Desemba iliyofuata ikawa vile vile. Mvua ilikuwa imeshakula chini, mbuzi wamejikuna kwenye kona, na nyumba za majirani zote zinang'aa. Beatrice aliona haya mbele ya wageni, na Senge akakataa kabisa.

Alipofariki nilikwenda kumzika. Ukutani kulikuwa kumebaki vichwa vya pinde mbili chini ya mabati, mahali mvua haifiki, na doa moja la bega. Nilisimama pale nikalia sana, na watu walifikiri namlilia Senge peke yake. Tangu nikiwa msichana alinifutisha ukuta baada ya ukuta, na huo mmoja alikataa ufutwe mpaka akaondoka.

Haya. Ndoo ile pale, kitambaa kimo ndani. Mwenye kucha ametoa? Anza na ukuta wa jikoni. Nikisema futa, msiniulize kwa nini.